Shauri la Wema Lahamia Nyakasumo

Bonifasi, karani wa masjala ya mahakama, alikuwa na ugonjwa wa kujibu swali kwa swali, na asubuhi hiyo Mkaguzi Msaidizi Winfrida wa Dawati la Jinsia hakuwa na subira ya kumuuguza.

"Shauri la ndoa la Wema na mumewe Faustini. Liko wapi?"

"Kwani mwenyewe hakukuambia?"

"Nakuuliza wewe, Boni."

"Limehamishwa. Limekwenda Mahakama ya Mwanzo Nyakasumo. Kesho ndiyo tarehe."

Nyakasumo! Kufika huko ni kwa njia ya ziwa, basi. Barabara ipo kwenye hotuba za wagombea, na masika hii hata pikipiki inakwama kabla haijaona kijiji. Winfrida alivuta kiti bila kukaribishwa akaketi.

Wema alikuwa amekuja ofisini kwake jana yake. Mama wa Buzebazeba, muuza samaki sokoni, migebuka hasa, mwanamke wa kucheka na wateja, ila jana hakucheka. Jino la mbele lilikuwa limetoka, na aliyelitoa ndiye aliyempa pete. Shauri la talaka alikuwa amelifungua hapa mjini, anakoishi. Lakini jana hakuja kumshtaki mume. Alikuja na ombi moja tu: "Afande, hakuna askari yeyote anayekwenda Nyakasumo kesho? Nisipande boti ya mume wangu peke yangu." Winfrida alimwambia asipande chochote mpaka ampigie simu, na leo alikuja kujua kwa nini mama wa Buzebazeba apelekwe kuachika ng'ambo ya mawimbi.

"Nani aliomba lihamishwe?"

"Mume. Alileta maombi hapa, yakapelekwa Mahakama ya Wilaya. Nyumba ya ndoa iko Nyakasumo, vyombo vya uvuvi viko Nyakasumo, mashahidi wako Nyakasumo. Sababu za kisheria kabisa, afande. Hata mimi ningekubali."

"Na mke hakupinga?"

Bonifasi aliacha kuchezea muhuri. "Apinge vipi? Mtoto wao, Dunia, mume ameshamhamishia kwa bibi yake huko huko. Mama aliposikia Nyakasumo alikuwa wa kwanza kusema ndiyo. Alilia hapa hapa ulipokaa. Akasema, angalau nitamwona mwanangu."

"Asipokwenda?"

"Aliyefungua shauri asipotokea, linafutwa. Na mtoto anabaki alipo."

Kumbe hivyo. Mama angepanda hata gogo.

Jibu la kwanza lililomjia Winfrida ni lile ambalo lingemjia askari yeyote: jamaa ana mtu wake huko. "Hakimu wa Nyakasumo ni nani siku hizi?"

Bonifasi alicheka hadi miwani ikamshuka. "Ukidhani amenunuliwa, umepotea njia. Ni Hakimu Catherine. Yule mama! Mwezi uliopita kuna mvuvi kapigwa amri ya kugawana nyumba na mkewe nusu kwa nusu, akatoka mahakamani anaongea peke yake. Wanaume wa ukanda ule wanaomba mashauri yao yaletwe mjini, afande. Wanamkimbia. Faustini peke yake ndiye anayemkimbilia."

"Faustini anamjua?"

"Anamjua sana. Siku ile ile aliyoleta maombi yake alikuwa anamsema hapa dirishani. Eti yule mwanamke anavunja nyumba za watu."

Winfrida alitazama dirishani. Nje, jua la Katubuka lilikuwa limekwisha kuwa kali, na watu waliokuwa wakisubiri kuitwa walikuwa wamebanana kwenye kivuli chembamba cha ukuta. Mwanamume anamchukia hakimu, anajua atashindwa kwake, halafu anatumia nguvu, muda na wakili wa kumwandikia maombi ili apelekwe mbele ya huyo huyo. Hiyo haikai. Labda mahakama yenyewe haikuwa na maana yoyote kwake. Labda alichokitaka ni njia ya kwendea huko.

"Boni, huyu aliwahi kuwa na shauri jingine?"

Safari hii karani hakujibu kwa swali. "Mke wa kwanza. Angelina. Wa Kibondo. Naye alidai talaka hapa, na lake likahamishwa."

"Kwenda wapi?"

"Nyakasumo."

"Likaishaje?"

"Halikusikilizwa. Mdai alizama akiwa safarini kwenda kulisikiliza. Tukalifunga." Bonifasi alijifuta uso kwa kiganja. "Mungu wangu. Mimi ndiye niliyepokea maombi yote mawili, na haya ya pili niliyagonga muhuri huku napiga stori za mpira."

Winfrida alikuwa ameshasimama. Alimpigia Wema. Simu iliita mpaka ikakata. Akampigia Sajenti Yona kituoni, akamwambia atafute jalada la zamani la Angelina na asilete maneno mengi. Yona alilipata, akasoma kwenye simu huku Winfrida akisimamisha bodaboda kwa mkono.

"Maelezo ya mume," Yona alisema. "Boti ilikuwa na watu watatu, yeye, marehemu na nahodha anaitwa Erasto. Karibu na rasi ya Nyakasumo wimbi likaipiga ubavuni, marehemu akadondoka. Wavuvi wa Nyakasumo walimtafuta mpaka wakakata tamaa. Mwili haukupatikana."

"Erasto yuko wapi?"

"Alivuka kwenda Kalemie, Kongo, mwaka ule ule. Hakurudi."

"Nani wa kituo alikwenda Nyakasumo kuuliza?"

Yona alikohoa. "Hakuna, afande. Boti ya doria ilikuwa mbovu."

"Njoo mwaloni Ujiji, boti za Nyakasumo zinakoondokea, na pingu. Mimi napitia Kasingirima."

Alikuwa na sababu ya kupitia Kasingirima. Mzee Nasri, mwenyekiti wa mwalo wa Nyakasumo, alikuwa mjini wiki ile akitengenezesha injini yake kwa fundi mmoja jirani na msikiti, na kila mtu Ujiji alijua, maana alikuwa akigombana na fundi huyo kila siku kwa sauti. Watu wake wa asili ni wa Kongo, walivuka zamani na kujenga ufukweni, na hakuna ajali, ugomvi wala harusi ya mwalo ule isiyopita mikononi mwake. Kama wavuvi wa Nyakasumo walimtafuta mtu, aliyewatoa ni yeye.

Winfrida alimkuta ameinamia injini iliyofumuliwa, spana mkononi. Pembeni, juu ya ndoo iliyopinduliwa, aliketi mwanamume mrefu wa fulana ya kijani akinywa chai. Alimfahamu kwa sura: Meshack, nahodha wa boti za Faustini.

"Shikamoo, mzee Nasri."

"Marahaba, afande. Kuna kijana wangu mmemkamata?"

"Hakuna. Nataka unikumbushe msiba wa Angelina, mke wa kwanza wa Faustini."

"Masikini yule binti! Mpole, mchapakazi. Alizama huku kwenu."

Winfrida aliona ni kama hakusikia vizuri. "Huku kwetu wapi?"

"Huku Ujiji. Ile wanatoka tu, kabla ya kushika kilindi."

"Nani alikwambia Ujiji?"

"Mumewe mwenyewe. Alikuja kwetu baada ya matanga, kanyoa kichwa, sauti haitoki. Tukampa pole. Mfiwa hahojiwi, afande. Akikwambia kafiwa hapa, umesikia."

"Kwa hiyo mwalo wako haukumtafuta."

"Tumtafute kwetu, na kafia kwenu?" Mzee alimkazia macho. "Sikiliza. Mtu akipotelea kwenye maji yetu, hakuna chombo cha uvuvi kinachotoka, hata kipe kimoja. Nyavu zote zinapanda nchi kavu. Zinakaa huko mpaka aonekane, na asipoonekana, mpaka tukae mwalo mzima tukubaliane. Hakuna aliyeiandika hiyo, na ziwa zima hakuna anayeivunja. Kwanza ni heshima. Pili ni woga, nisikufiche. Nani anataka kuinua wavu wa dagaa akamkuta jirani yake ndani?"

"Na wiki ile hamkupandisha nyavu?"

"Tulivua kufa na kupona! Ilikuwa giza, mwezi hakuna, dagaa wamekuja kwenye taa hadi unaogopa. Nakumbuka sana, kwa sababu hata vipe vya Faustini vilitoka, hakikubaki kimoja. Tukasema, jamaa kafiwa lakini watu wake wako kazini."

"Mzee, polisi Faustini aliandikisha kwamba Angelina kafia kwenu. Kwenye rasi. Na kwamba mwalo wako ulimtafuta."

Mkono wa mzee Nasri uliokuwa na spana ulishuka taratibu. Aliitazama injini kama mtu aliyesahau ni ya nini, akaiweka spana chini.

Winfrida alimgeukia yule wa chai. "Na wewe Meshack, mbona uko huku? Boti ya bosi wako haiondoki leo?"

"Inaondoka mchana huu, afande." Meshack alisimama kwa adabu. "Lakini kanipa mapumziko. Kasema leo anaendesha mwenyewe, ana mazungumzo ya kifamilia na mkewe."

"Huwa anaendesha mwenyewe?"

"Sijawahi kumwona. Mgongo unamsumbua." Kisha Meshack naye akasikia alichokisema, akaweka kikombe chini.

Winfrida alipiga tena simu ya Wema. Safari hii ilipokelewa. Kulikuwa na kelele za watu na maji.

"Afande, nimekungoja, muda umeisha," Wema alisema. "Boti ya abiria iliondoka juzi, hakuna nyingine mpaka wiki ijayo. Amekuja kwa upole, kaniletea hata soda. Kasema tukimaliza kesho nimchukue Dunia wangu. Mimi siwezi kubaki, nisamehe."

"Wema, uko ndani ya boti?"

"Niko ndani. Anafunga mizigo."

"Shuka."

"Nikishuka mwanangu je?"

Simu ikakatika. Winfrida alitukana kwa Kiha, tusi la bibi yake, akatoka mbio. Mzee Nasri alimtangulia mlangoni. Walipanda bodaboda moja watatu pamoja na dereva, jambo ambalo afande huyo huyo huwa anawaandikia watu faini, na dereva akapita vichochoro vya Ujiji akipiga honi kama anapeleka bibi harusi.

Ziwa lilikuwa limetulia. Hilo ndilo lililomtisha Winfrida kuliko kitu kingine. Alitegemea upepo, wimbi, chochote cha kumchelewesha mtu. Badala yake maji yalinyooka hadi milima ya Kongo, hayana hata mkunjo. Siku nzuri ya safari. Akina mama walikuwa wakigeuza dagaa mchangani, na wavuvi wa mwalo walikuwa kwenye kivuli cha vyombo vyao wakishona nyavu. Kipe cha Nyakasumo, cha vijana wa mzee Nasri, chenye injini yake, kilikuwa kimeegeshwa pembeni, kimejaa nyavu mpya walizokuja kununua.

Boti ya Faustini ilikuwa imeshasukumwa hadi maji ya kiunoni. Ndani kulikuwa na mifuko ya saruji, mingi kuliko inavyohitajika kwa safari ya kwenda mahakamani, na kamba mpya bado imefungwa kwenye karatasi yake. Wema aliketi mbele, kanga kichwani, mkoba mapajani. Faustini alikuwa nyuma kwenye injini. Mtu nadhifu, shati limenyooshwa, tabasamu lake tayari.

"Afande Winfrida! Karibu. Unakwenda nasi?"

"Nakwenda kokote atakakokwenda huyu mama. Kwanza nina swali dogo. Pole na msiba wa Angelina."

Tabasamu halikuondoka, ila lilisimama. "Ya zamani hayo. Ahsante."

"Alidondokea wapi hasa?"

"Si mnayo kwenye jalada? Kwenye rasi ya Nyakasumo." Alisema kwa sauti ya kutosha, na wavuvi wawili watatu wa Ujiji wakainua vichwa, wakatikisa kwa huruma. Ndivyo na wao walivyoambiwa.

"Mimi uliniambia ni Ujiji," alisema mzee Nasri.

Alikuwa amefika majini na viatu vyake. Faustini hakuwa amemwona. Alimtazama sasa kama mtu aliyekuta mgeni chumbani.

"Mzee, umri huo. Umesahau."

"Sijasahau. Nilikushika mkono nikalia na wewe. Nijibu jambo moja tu mbele ya hawa. Wiki ile Angelina alipopotea, nyavu zako zilikuwa wapi?"

Winfrida hakumzuia. Faustini aliyasoma macho ya watu mchangani, akaona yote yanamwelekea, na hasira ya mtu aliyezoea kuogopwa ikampanda. "Zilikuwa majini! Zilikuwa wapi tena? Ilikuwa giza, dagaa wamejaa, nani alikaa nchi kavu? Nyakasumo nzima ilivua! Hata wewe ulivua, mzee, usinifanye mimi ndiye mwenye dhambi!"

Hapo sindano za kushonea nyavu zikasimama. Mama mmoja aliyekuwa anapepeta dagaa aliweka ungo chini polepole na kujifunika mdomo kwa kanga. Faustini alitazama kulia na kushoto, bado hajaelewa ni neno gani lililomtoka.

"Mimi nilivua kwa sababu sikujua," mzee Nasri alisema, na sauti yake ilikuwa imepasuka. "Ningejua yuko pale, nisingeshusha hata ndoana. Wewe ulikuwa unajua. Unasema mkeo amelala kwenye maji yale, mwili haujaonekana, na wewe unawatuma watu wako usiku baada ya usiku washushe nyavu juu yake, wainue, washushe. Faustini, ulijuaje hatutamvua?"

Faustini aliinama kuvuta kamba ya injini, akaivuta mara moja, na injini ikakohoa bila kuwaka. Hakupata nafasi ya pili. Wavuvi wa Ujiji walikuwa wameingia majini bila kuambiwa na mtu, wameshika boti pande zote, wanairudisha ufukweni kimya kimya, na yeye ndani yake. Yona alishuka kwenye pikipiki na pingu mkononi, akakuta kazi imeshafanyika.

"Nakukamata kwa tuhuma za kumuua Angelina," Winfrida alimwambia. "Yuko wapi?"

Faustini alitazama mchanga. Winfrida aliitazama ile mifuko ya saruji, akaitazama ile kamba mpya, akaelewa ulikuwa mzigo wa kumzamishia mtu. Alijua ana safari ndefu mbele yake, ya kumtafuta Erasto Kalemie, na ya kupekua kila ghuba ambako huyu mtu aliwahi kutia nanga kati ya hapa na Nyakasumo. Lakini safari hiyo ilikuwa yake, si ya Wema.

Wema alikuwa bado ameketi mbele ya boti. Aliyaelewa yote, lakini alichouliza kilikuwa kingine kabisa.

"Shauri langu sasa litasikilizwa wapi? Kesho ndiyo tarehe. Na Dunia je?"

"Mahakama nitaipigia simu mimi," Winfrida alisema. Alimshika mkono akamshusha, na mkono ule ulikuwa wa baridi kama samaki aliyetoka majini. "Hakimu Catherine atangoja. Kwanza kamchukue mwanao."

"Kwa boti gani?"

Mzee Nasri alikuwa amekwisha kuwageukia vijana wake waliosimama kando ya kipe chao. "Toeni nyavu humo. Mama huyu anakwenda nasi."

"Zote, mzee? Tutavulia nini leo? Siku za giza, zisizo na mwezi, ndiyo zinaanza."

"Zote. Zipandisheni juu kabisa, zisiguse maji. Na tukifika nyumbani, mwambieni kila mwenye chombo apandishe zake." Alivua kofia yake, akaishika kifuani. "Leo hatuvui. Tumefiwa na Angelina."